Je, Iran inaweza kuufunga Mlango wa Hormuz, na dizeli yetu inahusikaje?

"Marehemu mume wangu aliniachia malori mawili ya mizigo, na ndiyo yanayotulea mimi na wanangu hapa Tanga. Tangu vita ya Iran na Israel ya mwezi Juni 2025, kila dereva na kila muuza mafuta ana lake la kusema. Wapo wanaosema Iran itaufunga Mlango wa Hormuz na dizeli itakosekana kabisa. Wapo wanaosema hayo hayatuhusu kwa sababu mafuta yetu hayatoki Iran. Na wapo wanaosema Marekani na China wanayagombea mafuta ya kule na mwisho watapigana tu. Nimeshauriwa nikope benki, ninunue dizeli ya miezi mitatu na kuiweka kwenye mapipa uani. Isitoshe, kijana wangu wa kwanza anafanya kazi Muscat, na siku zile za Juni sikupata usingizi. Naomba unieleze kwa utulivu: mlango huo unaweza kufungwa kweli? Sisi unatuhusu vipi? Na je, nimwambie mwanangu arudi?"

Mama, shikamoo, na pole sana kwa kuondokewa na mwenzi. Nimelisoma swali lako zaidi ya mara moja kwa sababu ndani yake mna hofu mbili zilizoshikana, ya riziki na ya mtoto, na ni vigumu kuipima ya kwanza kwa akili iliyotulia wakati ya pili inakukesha. Kwa hiyo nianze na majibu yenyewe, kisha nieleze sababu zake. Usikope fedha za kununua dizeli ya kuweka uani. Usimwamrishe kijana arudi kwa sababu ya maneno ya kituo cha mafuta. Hata hivyo, wale wanaokuambia kwamba Hormuz haituhusu wanakosea sana, na kosa lao linaweza kukugharimu fedha, kwa hiyo nitalichukulia muda kulieleza.

Ghuba ya Uajemi, ambayo Waarabu huiita Ghuba ya Arabuni, ni bahari yenye njia moja tu ya kutokea. Upande wa kaskazini ni Iran. Upande wa pili wamepangana Iraq, Kuwait, Saudi Arabia, Bahrain, Qatar na Umoja wa Falme za Kiarabu. Na pale Ghuba inapobanwa kabla ya kufunguka kuelekea Bahari ya Hindi, Oman inamiliki ncha ya milima iitwayo Musandam, iliyotenganishwa na sehemu nyingine ya nchi hiyo na ardhi ya Falme za Kiarabu. Kati ya Musandam na pwani ya Iran ndipo ulipo Mlango wa Hormuz. Mahali penye wembamba zaidi pana takriban maili 21 za baharini, upana usiopishana sana na ule wa mkondo unaotenganisha Unguja na mrima. Mwaka 2024 palipita mafuta ya wastani wa mapipa milioni 20 kwa siku, yaani karibu moja ya tano ya mafuta yote yanayotumiwa duniani, pamoja na takriban moja ya tano ya gesi asilia ya kimiminika inayouzwa kimataifa, ambayo sehemu yake kubwa hutoka Qatar.

Sasa tulitazame neno "kufunga", kwa sababu ndilo linalowachanganya wengi. Tukisema mlango, mtu huona komeo na mwenye ufunguo. Pale hakuna komeo. Meli kubwa hufuata njia mbili zilizochorwa, moja ya kuingia na moja ya kutoka, kila moja ikiwa na upana wa maili mbili za baharini, na kati yao ukiachwa ukanda wa maili mbili ili zisigongane. Njia hizo katika sehemu nyembamba ziko ndani ya maji ya Oman, wala si ya Iran. Mkataba wa Umoja wa Mataifa wa Sheria ya Bahari wa mwaka 1982 unazipa meli zote haki ya kupita katika milango ya aina hii, na nchi za pwani haziruhusiwi kuizuia. Iran ilitia saini mkataba huo lakini haijauridhia. Marekani haijautia saini kabisa, ingawa manowari zake ndizo zinazojitangaza kuwa walinzi wa haki hiyo, na Wairani hawachoki kulikumbusha jambo hilo, wala hawasemi uongo.

Kwa hiyo kuufunga mlango huo kwa vitendo maana yake ni kuwafanya manahodha, wenye meli na wenye bima waogope kupita. Zana za kufanya hivyo Iran inazo: mabomu ya kutegwa majini, makombora yaliyofichwa katika pwani ndefu ya milima, ndege zisizo na rubani, na boti ndogo za kasi za kikosi chake cha Walinzi wa Mapinduzi zinazoweza kuizunguka meli ya mafuta kama nyuki. Kwa siku kadhaa, pengine kwa wiki kadhaa, inaweza kuipunguza sana safari ya meli. Kuendelea hivyo kwa miezi ni jambo jingine. Mafuta ya Iran yenyewe, ambayo karibu yote hupakiwa katika kisiwa cha Kharg ndani ya Ghuba, hupita mlangoni hapo hapo, na mnunuzi wake mkuu ni China. Bandari yake kubwa ya Bandar Abbas, inayoingiza chakula na bidhaa za wananchi wake, iko ukingoni mwa mlango huo. Atakayeuziba atakuwa amejinyima pumzi kabla ya kumnyima jirani, na ndiyo maana kwa zaidi ya miaka 40, hadi vita vya Juni 2025, tishio hili lilirudiwa mara nyingi bila kutekelezwa kikamilifu.

Hapa naomba nirudi nyuma kidogo, kwa sababu kipimo kizuri zaidi tulicho nacho ni kile ambacho bahari hiyo imekwisha kukipitia. Iran na Iraq zilipigana kuanzia mwaka 1980 hadi 1988, na kuanzia mwaka 1984 vita hivyo vilihamia baharini kwa nguvu, kila upande ukizipiga meli zinazobeba mafuta ya mwenzake au ya marafiki wa mwenzake. Meli zaidi ya 400 zilishambuliwa. Kuwait iliomba ulinzi, na mwaka 1987 Marekani ikakubali kuzipandisha bendera yake meli 11 za mafuta za Kuwait na kuzisindikiza kwa manowari. Katika msafara wa kwanza kabisa, tarehe 24 Julai 1987, meli iitwayo Bridgeton iligonga bomu la majini, na baada ya hapo manowari zilizokuja kuilinda zikawa zinafuata nyuma yake, kwa kuwa meli kubwa ya mafuta huvumilia bomu kuliko manowari. Miezi miwili kabla yake, manowari ya Marekani USS Stark ilikuwa imepigwa kwa makombora ya ndege ya Iraq, na mabaharia 37 wakafa. Mwaka uliofuata manowari nyingine iligonga bomu la Iran, Marekani ikalipiza kwa kuzamisha na kuharibu meli za kivita za Iran, na tarehe 3 Julai 1988 manowari USS Vincennes ikaiangusha ndege ya abiria ya Iran Air kwa kuidhania ni ya kivita. Watu 290 waliokuwa safarini kwenda Dubai walikufa wote.

Nimekusimulia haya kwa kirefu kwa sababu yana mafunzo mawili ambayo watu hupenda kulitaja moja na kuliacha jingine. La kwanza ni kwamba katika miaka yote ile mlango haukufungwa. Mafuta yaliendelea kutoka, kwa gharama kubwa zaidi na kwa hofu, lakini yalitoka. La pili ni kwamba hatari iliyoua watu wengi kwa mara moja haikuwa mpango wa mtu wa kuuziba mlango, bali kukosea katika maji membamba yaliyojaa silaha na watu wenye wasiwasi. Mimi binafsi naliogopa hilo la pili kuliko la kwanza. Tarehe 17 Juni 2025, meli mbili za mafuta, Front Eagle na Adalynn, ziligongana na kuwaka moto karibu na pwani ya Falme za Kiarabu, katika siku ambazo mamia ya meli za eneo hilo zilikuwa zikivurugiwa mitambo inayoonyesha zilipo. Hakuna aliyetangaza kufunga chochote siku ile.

Tuje kwenye dizeli. Hoja kwamba mafuta yetu hayatoki Iran, hivyo hayatuhusu, inasikika kuwa na mantiki, lakini inasahau jinsi bei inavyopatikana. Fikiria mahindi. Bei ikipanda katika soko la Kibaigwa, mkulima wa Handeni aliyevuna shambani kwake, ambaye hajawahi kufika Kibaigwa, hatakuuzia kwa bei ya zamani, kwa sababu anajua kuna mnunuzi atakayempa bei mpya. Mafuta ni hivyo hivyo, ila soko lake ni dunia nzima. Hapa Tanzania shehena huagizwa kwa pamoja kupitia wakala wa serikali, PBPA, na EWURA, mamlaka ya udhibiti wa nishati na maji, hutangaza bei kikomo kila Jumatano ya kwanza ya mwezi kwa kuangalia, pamoja na mambo mengine, bei za mafuta yaliyosafishwa katika soko la Uarabuni, yaani bei za eneo hilo hilo la Ghuba. Hata shehena iliyosafishwa kwenye mitambo ya India, iliyo nje ya mlango, imetokana kwa sehemu kubwa na mafuta ghafi yaliyonunuliwa ndani ya Ghuba. Kwa hiyo Iran isipotuuzia hata lita moja, hofu inayotokana na Iran tutainunua.

Ni kiasi gani? Hapa ndipo ninapokuomba uchukue kalamu, kwa sababu hofu isiyo na hesabu hukua usiku. Pipa moja lina lita 159. Bei ya dunia ikipanda kwa dola 10 kwa pipa, hiyo ni kama senti 6.3 za dola kwa lita, na tukichukua dola kuwa shilingi 2,600 ni kama shilingi 160 kwa lita kabla ya mambo mengine. Lori lako likitumia lita 400 kwa safari ya kwenda na kurudi, umeongezewa shilingi 64,000. Hiyo si fedha ya kupuuza kwa mtu mwenye malori mawili, lakini si kufilisika pia, ikiwa umeitarajia.

Watu husema pia kwamba bima ya vita ndiyo inayopandisha bei. Inachangia, ila kwa kiasi kidogo kuliko inavyodhaniwa. Kampuni za bima za London huwa na orodha ya maeneo ya hatari, na meli inayoingia huko hulipa ada ya ziada inayohesabiwa kwa asilimia ya thamani ya meli, kwa kawaida kwa muda wa siku saba. Tuseme meli ya dola milioni 40 imetozwa asilimia 0.3, hiyo ni dola 120,000. Ikiwa imebeba tani 40,000 za dizeli, ni dola 3 kwa tani, na kwa kuwa tani moja ni karibu lita 1,180, utaona ni kama shilingi 7 kwa lita. Kinachouma zaidi ni bei ya mafuta yenyewe sokoni na nauli ya meli, kwa sababu wenye meli wanaokubali kwenda huwa wachache na wanaotaka kupakia ni wale wale. Bima huwa na nguvu ya kweli pale inapokataliwa kabisa, maana hapo meli haing'oi nanga hata kama nahodha ana moyo wa simba.

Sasa angalia kilichotokea Juni 2025. Kabla ya Israel kuishambulia Iran tarehe 13, pipa la mafuta aina ya Brent lilikuwa karibu dola 69. Tarehe 22 Marekani ilipiga vituo vya nyuklia vya Fordow, Natanz na Isfahan, na siku hiyo hiyo bunge la Iran likaunga mkono wazo la kuufunga mlango, ingawa uamuzi wa mwisho si wa bunge bali wa Baraza Kuu la Usalama wa Taifa. Bei ilivuka dola 80 kwa muda mfupi tarehe 23. Jioni ya siku hiyo Iran ilirusha makombora kuelekea kambi ya Marekani ya Al Udeid nchini Qatar, soko likaona kwamba halikuguswa tangi wala meli, na bei ikaanza kushuka hata kabla ya usitishaji wa mapigano wa tarehe 24, siku ambayo ilirudi chini ya dola 70. Aliyeshauriwa tarehe 22 kukopa na kujaza mapipa angekuwa amenunua hofu ya watu wengine kwa riba ya benki. Mwaka 2019 ilikuwa hivyo hivyo: mitambo ya Abqaiq na Khurais ya Saudi Arabia iliposhambuliwa tarehe 14 Septemba, nusu hivi ya uzalishaji wa nchi hiyo ilisimama, bei ikaruka kwa karibu asilimia 15 katika siku ya kwanza ya soko, na wiki chache baadaye ikawa imerudi ilipotoka.

Nisikudanganye kwamba lazima iwe hivyo kila mara. Bahari ya Sham iliposhambuliwa na Wahouthi, wapiganaji wa Yemen, kuanzia Novemba 2023, meli zilizunguka Rasi ya Tumaini Jema. Zilichelewa na kugharimu zaidi, lakini zilifika. Hormuz haina pa kuzungukia. Saudi Arabia ina bomba la kuvuka nchi hadi bandari ya Yanbu, na Falme za Kiarabu zina bomba tangu mwaka 2012 linalotoka Habshan hadi Fujairah, nje ya mlango. Yote mawili kwa pamoja hayawezi kubeba mapipa milioni 20, na Yanbu yenyewe inafungukia Bahari ya Sham. Kuwait, Qatar na Bahrain hazina bomba la namna hiyo. Kwa hiyo ukisikia kwamba mitambo mikubwa ya kupakia mafuta imepigwa na kuharibika, au kwamba kampuni za bima zimekataa kabisa kuzikatia bima safari za Ghuba kwa zaidi ya wiki mbili tatu, hapo jibu langu linabadilika: jambo linakuwa si bei tu bali upatikanaji, na si dizeli peke yake. Gesi ya mitungi na mbolea ya urea, ambazo Ghuba ni muuzaji wake mkubwa, zitafuata, na pia bidhaa za wafanyabiashara wetu wanaonunua Dubai, kwa sababu bandari ya Jebel Ali iko ndani ya mlango, jambo ambalo wengi wanaoagiza mizigo huko hawajawahi kulitazama kwenye ramani.

Kuhusu Marekani na China kugombea mafuta ya kule, hapa pana kutoelewana ambako nakutana nako kila mara. Visima vya Ghuba ni mali ya nchi zenyewe na kampuni zao za taifa. Hakuna dola kubwa inayongoja kuvinyakua. Marekani iliingia kwa uzito baada ya Uingereza kuondoa majeshi yake huko mwishoni mwa mwaka 1971, na Januari 1980 Rais Jimmy Carter alitangaza kwamba nchi yake ingetumia hata nguvu za kijeshi kuzuia dola ya nje kuitawala Ghuba. Wakati ule ilihitaji sana mafuta ya kuagiza. Leo ndiyo mzalishaji mkubwa kuliko wote duniani, na mafuta machache tu yanayopita Hormuz huishia kwake. Zaidi ya asilimia 80 ya mafuta ghafi yanayopita pale huenda Asia, hasa China, India, Japani na Korea Kusini. Hata hivyo makao ya Kikosi cha Tano cha wanamaji wa Marekani bado yapo Bahrain. Marekani imebaki huko kwa sababu bei ya mafuta ni moja kwa wote, kwa sababu ya Israel na washirika wengine, kwa sababu ya biashara ya silaha, na kwa sababu anayeilinda njia ya jirani ana sauti katika nyumba ya jirani huyo.

China kwa upande wake iko katika hali ya ajabu: ndiyo inayouhitaji mlango huo kuliko wote, na ulinzi wake unafanywa na mshindani wake mkuu. Ina kambi Djibouti tangu mwaka 2017, imefanya mazoezi ya kijeshi pamoja na Iran na Urusi katika Ghuba ya Oman, na Machi 2023 ndiyo iliyozikutanisha Saudi Arabia na Iran mjini Beijing zikarudishiana mabalozi. Lakini haijaweka manowari za kuulinda mlango huo, na sioni dalili kwamba inataka kuubeba mzigo huo. Urusi ni tofauti kidogo, kwa kuwa nayo inauza mafuta na bei ikipanda haiumii. Ushindani wao basi ni wa ushawishi: nani atajenga bandari, nani atauza silaha, nani ataitwa nchi mbili zikigombana. Kwa maoni yangu, China na Marekani kupigana kwa ajili ya Ghuba ni jambo la mbali sana kuliko linavyosemwa vijiweni.

Nchi za Ghuba nazo hazijakaa kama mali inayogombewa. Sita kati yake ziliunda Baraza la Ushirikiano la Ghuba mwaka 1981, wakati vita vya Iran na Iraq vikiendelea. Falme za Kiarabu zinadai visiwa vitatu, Abu Musa na Tunb mbili, ambavyo Iran ilivichukua tarehe 30 Novemba 1971, na hata hivyo mwaka 2025 nchi hizo mbili zilikuwa zikifanya biashara kila siku, na zote ziliingia BRICS, umoja wa nchi zinazoinukia kiuchumi, mwaka 2024. Oman ndiyo iliyokwenda mbali zaidi katika busara hiyo: Muscat ndiko Marekani na Iran zilikozungumza kwa siri kabla ya makubaliano ya nyuklia ya mwaka 2015, na ndiko zilikoanza tena mazungumzo Aprili 2025. Siku za vita vya Juni, waziri wake wa mambo ya nje, Badr Albusaidi, alikuwa miongoni mwa waliotaka njia ya mazungumzo ibaki wazi.

Hilo linanileta kwa kijana wako. Ukifungua ramani utaona kwamba Muscat iko nje ya Mlango wa Hormuz, kwenye Ghuba ya Oman inayofungukia Bahari ya Hindi, ile ile iliyozileta majahazi zetu kwa upepo wa kaskazi. Mji huo haukushambuliwa katika vita vya Juni. Usumbufu mkubwa ulikuwa angani: tarehe 23 Qatar, Bahrain, Kuwait na Falme za Kiarabu zilifunga anga zao kwa saa kadhaa, na safari za ndege za eneo zima zikavurugika. Kumrudisha mtu mwenye kazi halali na mkataba kwa sababu ya uwezekano ambao haujatokea ni kupoteza kitu cha hakika. Mwombe badala yake afanye mambo machache ambayo hayamgharimu kazi. Ajiandikishe katika Ubalozi wa Tanzania ulioko Muscat na kuacha namba zake na zako. Pasipoti na nakala ya mkataba viwe mkononi mwake. Awe na akiba ya tiketi ya kurudi ambayo haiguswi. Na asipige wala kusambaza picha za makombora, kambi au meli za kivita, kwa sababu nchi za Ghuba hulichukulia hilo kama kosa zito. Ubalozi ukisema raia waondoke, aondoke siku hiyo bila kungoja mshahara wa mwisho wa mwezi. Na ikiwa kazi yake ni ya baharini, ndani ya meli zinazoingia Ghuba, niandikie tena, kwa sababu jibu la baharia si sawa na la mtu wa nchi kavu.

Na malori. Dizeli ya miezi mitatu kwenye mapipa uani ni moto unaolala na watoto wako, ni kishawishi cha wizi, huingia maji na uchafu vinavyoharibu pampu na nozeli, na kuhifadhi mafuta kwa wingi bila kibali ni kosa kisheria. Fedha ile ile, hata bila kukopa, itakulinda vizuri zaidi ukiitumia kwa njia nyingine. Kaa na wateja wako wakubwa mwandike katika mkataba wa usafirishaji kwamba bei ya EWURA ikipanda kupita kiwango fulani, nauli nayo inapanda kwa kiasi mlichokubaliana, na ikishuka inashuka. Mteja mwaminifu hukubali, kwa sababu naye anaogopa lori kusimama njiani. Tenga kiasi kidogo katika kila safari kwenye akaunti ya mafuta, ile shilingi 64,000 ya hesabu yetu ikiwa shabaha ya kwanza. Na tumia ucheleweshaji uliomo katika mfumo wetu: bei ya dunia haifiki pampu ya Tanga siku hiyo hiyo bali baada ya wiki kadhaa, kwa kuwa shehena zilizopo zilinunuliwa zamani. Kishindo cha Ghuba ukikisikia leo, una muda wa kuzungumza na wateja kabla ya Jumatano ya EWURA. Kabla ya kusaini mkopo wowote, nenda na vitabu vyako kwa mhasibu anayezijua biashara za usafirishaji, ana kwa ana, aone riba dhidi ya mapato ya malori yako halisi. Mimi siyaoni kutoka hapa.

Umesema siku zile hukupata usingizi. Ikiwa usingizi umerudi, nashukuru. Ikiwa bado unakesha, au unashtuka kila simu inapolia, hilo nalo si jambo la kuvumilia peke yako kwa kuwa tu vita viko mbali. Nenda kituo cha afya kilicho karibu nawe, umweleze daktari kama ulivyonieleza mimi.